Niall yupi ndiye mwasisi wa ukoo wa O'Neill?

Kijana wa Kibokoni
Assalamu alaikum, wakubwa zangu. Jana baada ya alasiri tulikuwa barazani tukizungumzia nasaba, na mwenzangu akashikilia kwamba ukoo wa O'Neill wa Ireland uliasisiwa na Niall wa Mateka Tisa, mfalme wa masimulizi ya kale. Mimi nimesoma kuwa ni Niall mwingine, aliyefariki mwaka 919. Naomba mwenye ujuzi atufafanulie.

Maalim wa Kuze
Waalaikumu salaam, mwanangu. Mnazungumzia vitu viwili. Uí Néill ni jamii kubwa ya kifalme, yenye matawi ya kaskazini na ya kusini, iliyojinasibisha na huyo wa Mateka Tisa. Ó Néill, yaani hao O'Neill mnaowauliza, ni mbari moja tu iliyochipuka katika tawi la kaskazini, na jina lake latokana na Niall Glúndub, yaani Goti Jeusi, aliyetawazwa mfalme mkuu wa Ireland mwaka 916 na kuuawa karibu na Dublin miaka mitatu baadaye, akipigana na Waviking. Neno *ua*, ambalo baadaye likawa *ó*, maana yake ni mjukuu. Na mjukuu mwenyewe yupo, Domnall ua Néill, aliyefariki mwaka 980, mwana wa Muirchertach mwana wa Niall. Tazama kitambulisho chako: jina lako, la baba, kisha la babu, na hilo la mwisho ndilo watu hukuitia. Domnall alifanyiwa vivyo hivyo, ila la kwake halikubadilika tena kila kizazi.

Bi Mkubwa wa Mkanyageni
Maalim amesema kweli, lakini mimi sioni kwamba Goti Jeusi aliasisi chochote. Alikufa vitani bila kujua kwamba jina lake litabebwa na watu wengine kwa zaidi ya miaka elfu. Ikiwa swali ni la utawala na si la jina, nitamtaja Brian Ó Néill, ambaye mwaka 1241 aliwashinda Mac Lochlainn, jamaa zao wa shina moja, katika vita vya Caimeirge, na tangu hapo uongozi wa Tír Eoghain, milki yao ya kaskazini mwa Ireland, ukawa mikononi mwa mbari yake. Wakuu wao walitawazwa mahali paitwapo Tulach Óg, juu ya kiti cha mawe, na husimuliwa kwamba Ó Catháin, mkuu wa mbari iliyokuwa chini yao, alirusha kiatu juu ya kichwa cha mkuu mpya. Sisi pwani tulipuliza siwa. Kila watu na lao. Kiti hicho kilivunjwa na jeshi la Waingereza mwaka 1602.

Kijana wa Kibokoni
Ahsanteni, Maalim na Bi Mkubwa. Nimemsomea mwenzangu haya yote. Amekubali kuninunulia kahawa, lakini bila kashata, kwa kuwa anadai na yeye alipatia nusu.