Mjadala: Reli ya Kusini ilishang'olewa. Tuhifadhi nini, na nani akae mbele ya kamera?

Ndugu zangu wa Mtwara na Lindi, naomba hili tulijadili kwa utulivu.

Juzi nilitazama dokumentari kuhusu reli za zamani za Uingereza. Anayezungumza humo si injinia wala profesa, ni mpenzi wa reli tu. Anapapasa ubavu wa kichwa cha treni ya mvuke huku akieleza, na huwezi kubandua macho. Watu wa aina yake ndio walioiokoa reli ndogo ya Talyllyn kule Wales. Ilikuwa inakata roho, wakajitolea, na mwaka 1951 wakaanza kuiendesha wenyewe. Ni ya kwanza duniani kuokolewa na watu wa kujitolea, na bado inabeba abiria.

Mwaka huohuo wa 1951 serikali ya Uingereza iliutelekeza Mpango wa Karanga, yaani mpango wake wa kulima mashamba makubwa ya karanga Tanganyika, ambao ndio uliotuletea Reli ya Kusini. Ilianzia Mkwaya, kwenye hori la Lindi, ikafika Nachingwea mwaka 1949. Baadaye ikaunganishwa na bandari ya Mtwara, na mwaka 1958 ikasogezwa hadi Masasi. Karanga zilishagoma, mzigo haukutosha. Mwaka 1962 ikafungwa, kisha vyuma vikang'olewa. Wao walibaki na reli ya kuokoa. Sisi tumebaki na tuta la udongo ilipopita.

Kwa hiyo msimamo wangu ni huu: cha kuhifadhi kwetu kwanza ni kumbukumbu za walioiona, na wao ndio wakae mbele ya kamera. Asije mgeni na vitabu vyake akatusimulia reli yetu wakati wenyewe wapo barazani wanabangua korosho.

Nasema hivi kwa uchungu. Babu yangu mdogo alinipeleka siku moja kwenye shamba lake la mikorosho, akasimama mahali palipoinuka kidogo, akanyoosha mkono: "Lilitokea kule, likipiga honi tunakimbia na sinia za mihogo." Alionyesha kwa viganja jinsi mama yake alivyofunga mihogo ya kuchemsha kwenye majani ya mgomba, mitatu mitatu, ili abiria aipokee dirishani bila kuungua. Simu ilikuwa mfukoni mwangu. Nikamwambia, babu, nitarudi tuyarekodi haya vizuri. Amefariki kabla sijarudi.

Mchangiaji mmoja kutoka Nachingwea ameshaniandikia hivi: "Kaka, ile ilikuwa reli ya mkoloni. Ililetwa kuchukua, na ilipokosa cha kuchukua ikang'olewa. Tudai reli mpya ya Mtwara hadi Mbamba Bay, Ziwa Nyasa, tuachane na makaburi."

Ndugu yangu, kwamba ililetwa kwa faida yao sikupingi hata kidogo. Na reli ya Mbamba Bay naitaka kama wewe, makaa ya mawe ya Mchuchuma na chuma cha Liganga havitafika bandarini kwa maneno. Ila yule mama wa mihogo hakuwa mkoloni. Waliochimba lile tuta kwa majembe hawakuwa wakoloni. Tukisema reli yote ni ya mkoloni, jasho lao nalo tunamwachia yeye. Isitoshe, kabla ya kujengewa reli nyingine ni vizuri tujue kwa vinywa vya wazee ile ya kwanza ilivyotuacha: biashara gani zilikufa, nani alihama, nani alibaki.

Wapo wanaotaka makumbusho yenye jengo na kichwa cha treni, kama ya Nairobi. Sikatai, ila jengo linaweza kusubiri bajeti. Aliyekuwa na miaka 10 reli ilipofungwa amevuka 70 sasa, na huyo hawezi kusubiri.

Katika shule niliyosoma kengele ilikuwa kipande cha reli kilichoning'inizwa kwenye mwembe. Tulikigonga kwa nondo kila asubuhi na hakuna mwalimu aliyetuambia kilikotoka. Nilipita pale mwezi uliopita, bado kipo, katikati kimelika na kung'aa kwa kugongwa.

Nawauliza wenzangu: shuleni kwenu kipo? Na nani ana mzee aliyefanya kazi stesheni, aliyepanda, au aliyeuza chochote dirishani? Mtwara mjini na Mikindani naweza kwenda mwenyewe na simu yangu. Masasi, Nachingwea na Lindi nahitaji watu wa kuwarekodi wazee.