Traka kwenye mashua: nikubali ama nikatae?

NahodhaKizingitini: Assalaam aleikum. Nina mashua ya mashine, mabaharia wanne, twavua changu na kamba mawe. Wamekuja watu wa mradi wataka kutufungia traka bure. Kasanduku kenyewe hakazidi kitabu, kana sola juu. Kanarekodi chombo kilipo kila baada ya dakika chache. Pasipo na mtandao kanaweka, ukirudi karibu na mnara kanatuma. Wasema ni usalama. Sikatai, kusi ikichafuka na mashine ikazima huko nje, ni heri mtu ajue ulipo. Lakini miamba yangu nilionyeshwa na baba, hata shemeji yangu simwambii. Ramani hiyo itaonwa na nani? Nimeuliza, naambiwa "ofisi". Ofisi gani?

KijanaShela: Nahodha, simu si unatembea nayo? Mnara wajua ulipo kila siku. Funga tu.

NahodhaKizingitini: Simu nikitaka naizima. Hiyo nikiizima nitaulizwa kwa nini.

BintiMalindi: Kaka, mimi ningekubali, ila si bure bure. Kumbuka kesi ya bandari ya Lamu, wavuvi walipodai ujenzi umewaharibia uvuvi: mwaka 2018 Mahakama Kuu hapa Malindi iliamua wavuvi kama 4,600 walipwe shilingi bilioni 1.76. Kesho ukidai fidia utatakiwa uonyeshe ulikuwa ukivua wapi, na rekodi ya miaka ina uzito kuliko maneno. Ila Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inawalazimu wakwambie data yako ni ya kazi gani na watampa nani. Una haki ya kuiona na ya kupinga. Usiweke sahihi kabla ya karatasi.

MzeeFaza: Karatasi ni nzuri, mwanangu. Lakini sisi tulizuiwa kuvua usiku miaka mingi kwa sababu ya usalama. Wenye bunduki wakiitaka ramani, ofisi itawakatalia?

BintiMalindi: Hapo sibishani nawe, mzee. Sheria hiyo hiyo imeacha mlango wa usalama wa taifa. Ndiyo maana waulizwe wanaiweka muda gani. Iliyokwisha kufutwa haiombwi na mtu.

NahodhaKizingitini: Ahsanteni. Kikao cha BMU, kikundi chetu cha kusimamia ufuo, kikikaa nitataka waandike kwa Kiswahili: jina la ofisi, siku ya kufuta, na nakala ya ramani yangu nibaki nayo mimi. Na kiwe chombo kimoja kwanza, cha yule aliyekubali mbio mbio.