Ushauri: dokumentari ya wanawake wa mwani Paje, kamera ikiwaka wanafunga mdomo

Binti_Makunduchi: Wadau, salaam. Dokumentari ni ya dakika 26, juu ya wakulima wa mwani Paje na Jambiani, Zanzibar: kipato, ndoa, nani anaamua pesa. Kilimo hiki cha biashara kilianza huku 1989 na wengi wao ni wanawake. Kamera ikiwaka jibu ni "tunashukuru Mungu" basi. Ikizimwa, maneno yanamwagika. Upepo nao unameza sauti. Nataka filamu ambayo wenyewe watajiona ndani yake.

Mama_Hariri: Dada, kwanza tazama nani yupo pale. Sheha, yaani kiongozi wa mtaa, mpelekee kibali, lakini asikae kwenye mahojiano, na mume vivyo hivyo. Hakuna atakayetaja pesa inakoishia huku anayeichukua kakaa mkeka huohuo. Usimkalishe kitini. Mhoji akifunga mbegu kwenye kamba. Mikono ikiwa na kazi, ulimi unalegea. Kamera ishuke usawa wa macho yake, maana ukimpiga picha kwa juu naye kainama majini, picha inamdunisha hata aseme nini. Achana na "unajisikiaje". Uliza mzigo wa mwisho ulikuwa kilo ngapi, nani alipokea pesa, ilinunua nini kwanza. Kisha nyamaza, usikimbilie swali lingine. Na aliyoyasema kamera imezimwa ni yake, usiyarekodi kwa siri.

Fundi_Sauti: Kunja vipande viwili vya plasta pembetatu, gundi ikae nje, maiki ndogo ya nguoni katikati: kimoja kishike nguo iliyo chini ya mtandio, kingine mtandio wenyewe. Hapo kitambaa hakisugui. Aibandike mwenyewe au msaidizi wa kike. Rekoda 48 kHz, biti 24, vilele vya sauti viishie −12 dB. Sponji haifui dafu kwa upepo ule, vesha maiki manyoya. Maji ya bamvua, yale ya mwezi mpya na mwezi mpevu, hupwa kabisa kwenye saa nne au tano asubuhi, jua kali: shata 1/50 kwa fremu 25 kwa sekunde, na filta ya kupunguza mwanga. Pima mwanga usoni. Ukipima mchanga mweupe, sura zinageuka vivuli. Lenzi yenye chumvi usiifute kavu, inakwaruzika. Tumia kitambaa chenye unyevu wa maji yasiyo na chumvi.

Wakili_wa_Picha: Ridhaa ichukuliwe mara mbili. Kabla, fomu isomwe kwa sauti na kukubali kwake kurekodiwe. Baada ya kuhariri, atazame sehemu yake. Akisema kipande kitoke, kinatoka. Anayetaka kufichwa, kufifisha uso hakutoshi: kijijini atajulikana kwa kanga, sauti, hata mlango wa nyumba. Piga picha mikono tu, na maneno yake yasomwe na mwingine. Muulize pia aandikwe jina gani kwenye skrini. Usimwandike "Mama Fulani" kabla hajasema. Huenda anataka jina alilopewa na wazazi.

Binti_Makunduchi: Ahsanteni sana. Mume akidai kuiona filamu kabla haijatoka?

Wakili_wa_Picha: Mwambie aliyehojiwa ndiye mwenye ruhusa hiyo. Halafu muulize mwanamke faraghani kama anaruhusu, siyo mbele ya mume.