Naomba ushauri: jirani amenuna, nikimuuliza anasema "hakuna shida"

Wenzangu, naishi ploti moja ya wapangaji huku Pipeline, Embakasi, Nairobi. Maji ni ya zamu na kamba ya nguo ni moja. Mwezi uliopita nilimwambia mama wa mlango wa pili kwamba mwanawe alimwaga maji yangu. Akacheka, "hakuna shida." Tangu siku hiyo haitikii salamu, nguo zangu nazikuta zimesukumwa pembeni zikiwa bado mbichi, na kwenye statasi ya WhatsApp ni vijembe tu: "wengine mji wameujua juzi." Heri keateka wetu (msimamizi wa ploti), yeye hufoka mpaka ghorofa ya tano isikie, lakini unajua kosa lako! Juzi nilimuuliza huyo jirani ana kwa ana, akasema nina mawazo mengi. Nimkabili tena, nimwite keateka, au ninyamaze? Kuhama siwezi, nimeshalipa dipoziti.