Delphi kwa siku moja kutokea Athens: tuchukue safari yenye muongoza watalii au tujiendee wenyewe?

Binti_Lushoto

Shikamooni wakubwa, na wengine habari za saa hizi. Naomba ushauri kwa aliyewahi kufika Ugiriki.

Mi naishi Ujerumani, mama yangu amekuja kunitembelea kutoka Tanga. Ana miaka 66, amefundisha historia sekondari mpaka alipostaafu. Tangu tukiwa wadogo alikuwa anatusimulia Periplus, kile kitabu cha kale cha safari za bahari, kwamba pwani yetu iliandikwa na mfanyabiashara mmoja Mgiriki wa Misri karne ya kwanza, akaiita Azania na akautaja mji wa Rhapta. Sasa juzi tuko mezani tunakula akasema tu taratibu, natamani nione hao Wagiriki walikuwa wanaishi vipi. Basi siku hiyo hiyo nikakata tiketi, siku nne Athens, mwezi wa kumi, viza yake ni ya Schengen kwa hiyo upande huo hakuna shida.

Acropolis iko mjini hapo hapo tutaenda wenyewe. Delphi, yale magofu ya hekalu la Apollo kule milimani, ndo inayoniumiza kichwa, maana iko mbali na nimeona safari za kutwa za kila aina, kuna basi kubwa lenye muongozaji, kuna gari dogo na dereva, kuna wanaosema panda basi la kawaida ujiendee, na bei zimepishana sana hata sielewi napata nini nikilipa zaidi. Alafu mama ana goti moja linamsumbua, anatembea vizuri ila ngazi nyingi hapana, na hii safari ni ya kwake sitaki aende akakae kwenye basi kutwa nzima arudi amechoka hajaona kitu. Mwenye uzoefu tafadhali.

Mzee_wa_Kypseli

Marahaba mwanangu, mfikishie mama salamu zangu. Mi niko Athens tangu nilipoacha meli hapo Piraeus, ni miaka mingi sasa, na wageni wa nyumbani nimewasindikiza Delphi mara kadhaa, nikwambie ninavyoijua.

Ni kama kilomita 180, basi linakwenda masaa mawili na nusu mpaka matatu. Mnapita tambarare ya Thebes, mnasimama upande wa Livadia watu wajisaidie na kunywa kahawa, alafu mnaanza kuupanda mlima Parnassos, na pale Arachova barabara ni kona tupu huku bonde liko chini yenu. Kama mama anasikia kichefuchefu garini basi akae mbele na asubuhi asile kizito. Safari nyingi zinatoka saa mbili na nusu asubuhi hivi na kurudi saa moja jioni, sasa piga hesabu mwenyewe, kama masaa kumi na nusu, na ndani ya magofu na makumbusho mnapata kama masaa matatu, mengine yote ni barabara na chakula. Kwa hiyo swali la kwanza kabla hujauliza bei, uliza tunakaa ndani masaa mangapi. Kuna wanaoongeza na kituo cha duka la zawadi na kijiji hiki na kile, kila walichoongeza wamekata kwenye yale masaa matatu.

Swali la pili ndo kubwa zaidi na wageni wengi hawaambiwi. Hapa Ugiriki muongoza watalii ana leseni, kazi hii anaisomea kabisa, na asiye na leseni haruhusiwi kuongoza watu ndani ya eneo la kale. Yani yule dereva wa gari dogo anaweza kuwa mtu mzuri sana na akakusimulieni njia nzima, lakini mkifika getini anabaki nje, mnaingia peke yenu. Tangazo linasema "safari ya Delphi" kote kote, tofauti huioni mpaka ufike. Waandikie waulize wazi: mwenye leseni anaingia na sisi ndani, ndiyo au hapana? Na tiketi ya kuingilia imo kwenye bei au tunalipa wenyewe getini?

Kaka_Mpole

Hicho alichosema mzee kilinikuta mimi, mwaka juzi na mke wangu. Tulichukua ya bei ndogo, kampuni sitaitaja, tukafika geti dereva akatuambia nawapa saa moja na nusu mtanikuta hapa kwenye gari. Saa moja na nusu! Tukapanda tu na watu, tunaona nguzo, tunaona mawe yameandikwa, hatujui hiki nini kile nini, tukawa tunajibanza pembeni ya vikundi vya wengine tusikie wanachoambiwa mpaka muongozaji mmoja akatuangalia vibaya tukaona aibu. Makumbusho tumeingia dakika kumi na tano. Njia ya kurudi mke wangu alikuwa kimya na mi najua kwanini, hela tuliyookoa haikuwa hata ya chakula cha jioni.

Dada usibane hela hapo. Bana kwenye hoteli.

mkwea_minazi

Mi naona tofauti kidogo. Nilipanda basi la kawaida la abiria, KTEL, kutoka stendi ya Liosion asubuhi, nauli ni ndogo ukilinganisha na safari za makampuni, na nilikuwa nimeshasoma nyumbani wiki mbili. Nikakaa ndani mpaka nikachoka mwenyewe, nikapanda mpaka uwanja wa mbio kule juu kabisa ambako vikundi vingi hawafiki, nikakaa pale kivulini kwenye misonobari karibu nusu saa peke yangu. Hiyo huwezi kuipata kwenye kikundi maana kila saa unaambiwa twendeni twendeni.

Ila mabasi kwa siku ni machache, la mwisho likikuacha unalala huko. Kwa mzee mwenye goti sina uhakika, kwako wewe na mimi ni sawa.

BintiMvita

Mwalimu wa historia umemwacha peke yake na mawe, mkwea? Hapana. Mimi nilikwenda na dadangu tulipokuwa Athens kikazi, na nina neno moja tu la kusema kuhusu muongozaji.

Ukiingia unapanda ile Njia Takatifu, inakwenda kwa kona. Unapita hazina ya Waathene, kajumba ka marumaru kamesimamishwa upya mwanzoni mwa karne ya 20, kila mtu anapiga picha hapo. Ukisonga mbele kidogo kuna ukuta mrefu unaozuia udongo chini ya hekalu la Apollo, mawe yake yamekatwa pembe pembe yakashikana bila saruji, na watu wanaupita mbio kwa sababu hekalu liko juu wanalikimbilia. Nasi tungeupita vivyo hivyo. Muongozaji wetu akatusimamisha, akasema sogeeni muangalie karibu. Kumbe ukuta wote umeandikwa! Herufi ndogo ndogo hizi, kama kucha ya kidole, mstari chini ya mstari, jiwe kwa jiwe, maandishi kama 800 hivi, na mengi yake ni hati za kuachwa huru watumwa. Mtumwa alikuwa "anauzwa" kwa mungu Apollo, hela mara nyingi ni yake mwenyewe aliyoidundulizia, bwana wake anapokea, na kwa kuwa sasa ni mali ya mungu basi hakuna mtu mwingine wa kummiliki. Wanaandika jina lake, jina la aliyekuwa bwana wake, bei, majina ya mashahidi, wanachonga ukutani ili kesho asije mtu akamdai. Wengi ni wanawake.

Mimi ni mtu wa pwani, nimekulia kwenye habari za watumwa kutoka kwa bibi yangu. Nilisimama pale miguu ikawa mizito. Na kama si yule mama muongozaji kutusimamisha ningepita nikaenda kupiga picha nguzo sita za hekalu.

Kwa hiyo dada Binti_Lushoto, lipa. Na umwambie muongozaji tangu kwenye basi kwamba mama ni mwalimu wa historia, wanafurahi sana kupata mtu wa hivyo.

Kuhusu goti: njia ni mteremko wa mawe na ngazi, mawe yamesuguliwa na miguu ya watu yanateleza hata yakiwa makavu, viatu vya raba vyenye meno na fimbo kama anayo. Mpaka kwenye ule ukuta na hekalu anaweza akienda polepole. Ukumbi wa michezo ya kuigiza uko juu ya hekalu, na uwanja wa mbio juu zaidi, huko mama asilazimishe. Makumbusho iko jirani, hapo apewe muda wa kutosha.

Binti_Lushoto

Asanteni sana jamani, dada BintiMvita umenifanya nimsomee mama ujumbe wako wote, amenyamaza kwanza kisha akasema "huo ukuta lazima". Mzee shikamoo tena, nimewaandikia kampuni tatu kwa maneno yako yale yale, mbili zimejibu ndiyo mwenye leseni anaingia, moja imezunguka zunguka nimeiacha. Swali la mwisho, tuanze magofu au makumbusho?

Mzee_wa_Kypseli

Kwenye kikundi mtafuata ratiba yao, lakini ukiwa na nafasi ya kuchagua, mtu mwenye goti aanze magofu asubuhi miguu ikiwa mipya, alafu makumbusho. Mwezi wa kumi jua halichomi sana. Ingekuwa wa saba ningekwambia mengine, huku joto likizidi huwa wanafunga Acropolis masaa ya mchana na watu wanabaki nje na tiketi mkononi.

Makumbusho mpeleke moja kwa moja kwa yule mwendesha gari la farasi wa shaba, yuko kwenye chumba chake. Kimo chake ni kama mita 1.80, alitengenezwa miaka ya 470 KK kwa ajili ya ushindi wa mbio za farasi. Gari na farasi wake karibu vyote vimepotea, yeye amebaki amesimama na vipande vya hatamu mkononi. Mwambie mama asogee amtazame kope, ni za shaba nyekundu, moja moja, na macho yamepachikwa kwa malighafi nyingine. Alafu aangalie miguu. Pale alipokuwa kwenye gari lake hakuna mtu angeiona ile miguu lakini fundi ameichonga mpaka mishipa.

Binti_Lushoto

Wakuu naleta mrejesho, tumerudi juzi.

Tulikwenda na basi, tulikuwa watu kama ishirini, muongozaji mama wa makamo na kitambulisho chake shingoni. Nilimwambia asubuhi kuhusu mama kama nilivyoshauriwa na kutoka pale akawa kila akieleza kitu anamtazama mama kwanza. Njiani akatueleza habari za Pythia, kuhani mwanamke aliyekuwa anatoa utabiri, kwamba zama zile alikaa kitini siku moja tu kwa mwezi, na kabla ya hapo wanammwagia mbuzi maji ya baridi, asipotetemeka basi siku hiyo hakuna kuulizwa. Na ule mkasa wa mfalme Croesus aliyeambiwa akivuka mto ataangusha dola kubwa, akavuka, ikaanguka ya kwake. Mama akasema kwa Kiswahili, ramli ni ramli tu, mwenye kuuliza ndiye anayejijibu, nikamtafsiria muongozaji naye akatikisa kichwa kukubali.

Kwenye ukuta tulisimama muda mrefu kuliko ratiba. Mama aliweka miwani, akainama, hakugusa maana hairuhusiwi, akafuata mstari kwa kidole hewani. Kisha akauliza, je akishanunuliwa hivyo anaondoka siku hiyo hiyo? Muongozaji akamwambia si wote, baadhi yao hati zao zina sharti kwamba wabaki kumtumikia bwana wao mpaka afe, ndo uhuru ukamilike. Mama akanyooka. Akaanza kumweleza habari za Zanzibar, soko la watumwa kufungwa 1873, alafu sheria ya 1897 ambayo mtumwa hakuwa huru hivi hivi tu, ilibidi mwenyewe aende mahakamani kuomba, na kama hajui au anaogopa basi anabaki alipo. Alikuwa anaongea kwa ile sauti ya darasani, mi natafsiri nakimbizana naye, na watu wa kikundi wakarudi nyuma wakatuzunguka wanasikiliza. Yule muongozaji alitoa kijitabu akaandika ile miaka miwili.

Hekalu alifika. Ukumbi wa michezo alisema nenda wewe, akabaki amekaa kwenye jiwe chini anaangalia bonde lile la mizeituni linaloshuka mpaka baharini. Miguu ya yule kijana wa shaba ameiona mzee, nimemwonyesha ujumbe wako pale pale.

Goti lilivimba kidogo usiku tukalikanda, asubuhi alikuwa sawa. Sasa ameniletea jambo jingine, anataka kuyasoma yale majina ya ukutani, ya watu wenyewe. Yamechapishwa popote?

BintiMvita

Allahu akbar, mpe mama mkono wangu. Yamechapishwa ndiyo, waliochimba Delphi tangu 1892 ni Wafaransa na wametoa maandishi yale kwenye vitabu vyao, ila ni Kigiriki chenyewe na maelezo ya Kifaransa. Uko Ujerumani, nenda maktaba ya chuo kikuu chochote chenye idara ya mambo ya kale, waambie unatafuta maandishi ya Delphi ya kuachwa huru watumwa. Majina hata bila kujua Kigiriki mama atayasoma, alfabeti yao ni wiki moja tu kujifunza, nami nitakutumia karatasi niliyoitumia.