Naomba ushauri: dakika 10 za kumzungumzia Brigitte Mira

Habari zenu wakuu. Nasoma Kijerumani, na wiki ijayo natakiwa kusimama mbele ya darasa dakika 10 nimwelezee mwigizaji mmoja. Nimemchagua Brigitte Mira, mama wa Hamburg aliyezaliwa 1910. Miaka mingi alikuwa mtu wa jukwaani, nyimbo na vichekesho, hadi mwongozaji wa filamu Fassbinder alipompa nafasi ya Emmi kwenye filamu ya Angst essen Seele auf, 1974. Umri ulishapita 60!

Emmi ni mjane, mfanya usafi, anaolewa na Ali, kibarua kutoka Morocco. Anapomtambulisha kwa wanawe, mmoja anainuka na kuipiga televisheni teke mpaka inapasuka. Ila kilichoniuma zaidi ni tukio la kwenye ngazi: wafanyakazi wenzake wanakaa kula, yeye wamemtenga, anatafuna peke yake. Hakuna anayemtukana hata.

Mwaka uliofuata akacheza Mama Küsters kwenye filamu nyingine ya Fassbinder, mjane ambaye waandishi wa habari na wanasiasa wanamtumia kwa faida yao.

Sasa nimekwama. Nisimulie maisha yake yote, au nibaki na hiyo ngazi tu? Mwalimu wangu anapenda tarehe, mimi sina hamu nazo. Waliowahi kuwasilisha kitu kama hiki, mlifanyaje?