Re: Kupiga fidla makumbusho, ABH (ofisi ya wageni Ujerumani) wananizungusha

Dogo wa Fidla:
Shikamooni wakubwa. Nasoma muziki, kibali cha masomo, §16b. Kundi letu limeitwa Leipzig, nyumba aliyofia Felix Mendelssohn, yule mtunzi wa muziki, sasa makumbusho. Malipo kwa Rechnung (ankara), lakini Zusatzblatt yangu, karatasi ya masharti ya kibali, inakataza selbständig, yaani kujiajiri. Dirishani ABH wanataka mkataba, nami sina. Barua pepe kimya. Nani amepitia hii?

Mama Neema:
Mdogo wangu, una siku 120 za kazi kwa mwaka, piga tu. Mimi nilibeba maboksi ghalani na Fiktion (kibali cha muda) mkononi, nani aliniuliza?

Mzee wa Köln:
Siku 120 ni za zamani. Tangu Machi 2024 ni 140, au nusu-siku 280, tena za kuajiriwa, si za Rechnung. Tusimponze kijana wa watu. Aombe §21 aya ya 6, ruhusa ya kujiajiri.

Mama Neema:
Haya, wakili. Mpwa wangu aliomba hiyo hiyo, wakamkatalia.

Mchaga wa Leipzig:
Nyumba hiyo naijua, Goldschmidtstraße. Dogo, ukifika uliza habari za babu yake Mendelssohn, Moses, yule mwanafalsafa. Aliingia Berlin 1743, na Myahudi hakukaa mjini bila kibali. Ulinzi wa mfalme akaupata 1763. Miaka 20! Na haukurithiwa na watoto.

Mama Neema:
Kumbe Familiennachzug, hii ya kuleta familia, ilianza kutesa watu zamani hivyo! Mwanangu bado yuko Moshi, wanadai cheti cha kuzaliwa cha tatu sasa.

Mchaga wa Leipzig:
Subiri. Felix alibatizwa akiwa na miaka 7, akaongoza okestra ya Gewandhaus, akaanzisha chuo cha muziki 1843. Manazi wakaja kung'oa sanamu yake 1936, eti Myahudi, na mwenyewe kaburini tangu 1847. Iliyopo karibu na kanisa la Thomaskirche ni nakala ya 2008. Ndiyo maana nikisikia wanasiasa wa huku na "integration" yao, eti mgeni ajichanganye na jamii, nacheka tu.

Mzee wa Köln:
Siasa peleka kwingine.

Mchaga wa Leipzig:
Siasa gani, mzee? Wamisionari waliofika kwetu Uchagani 1893 walitoka Leipzig hii hii. Wimbo wa Felix wa maharusi, ule wa 1842, kwetu unapigwa kwa matarumbeta mpaka bibi harusi anapanda gari.

Mama Neema:
Umenikumbusha harusi za Desemba! Kuna anayetoka Moshi mwezi huu? Nataka unga wa ulezi, kilo mbili tu.